Kalenda ya Safu Tatu

Kila Oktoba duka letu la chapa, Bethlehemu,
kwenye kichochoro cha ngazi nyuma ya soko la mboga,
hunuka wino na gundi,
nami napanga kalenda ya ukutani:
Walatini kwa rangi nyekundu, Waorthodoksi kwa buluu,
sisi Waarmenia kwa kijani, mwisho kabisa, ukingoni,
ambako kisu cha kukatia karatasi wakati mwingine hula tarakimu.

Mtoto mmoja, hori moja, sikukuu tatu:
Desemba ishirini na tano,
Januari saba,
Januari kumi na tisa.
Watalii hucheka. "Basi alizaliwa lini hasa?"
Nami huwauzia kalenda.

Nimesoma. Usiku, karatasi zikikauka, husoma.
Kwamba mtawa mmoja kule Rumi, karne tano baadaye,
alikuwa akitafuta tarehe za Pasaka, si za Krismasi,
na miaka hii tunayoihesabu ikamdondoka kazini
kama unga wa mbao chini ya msumeno.
Hakuwa na sifuri. Kutoka mwaka mmoja kabla
ikarukiwa mwaka mmoja baada,
mlango usio na kizingiti.
Na Herode, aliyetaka kumwua mtoto,
kwa hesabu hiyo, wasema wengi, alikwisha kuzikwa.
Kwa hiyo Kristo alizaliwa Kabla ya Kristo.
Niliipanga sentensi hiyo kwa herufi za risasi,
nikaicheka peke yangu, nikaibomoa.

Na wachungaji waliokesha makondeni?
Abu Rizik, afugaye Beit Sahur,
nilimwuliza kama Desemba kondoo wake hulala nje.
"Nje? Mvua ile ikishuka
kondoo wangu wanataka blanketi la mke wangu."

Bibi yangu Yeranuhi hakucheka.
Alikuwa akikunja kalenda, kidole gumba cheusi kwa wino,
akikunja bila kutazama.
"Hata mimi ninazo tatu," alisema.

Aliletwa Yerusalemu kwa gari la moshi, pamoja na mayatima,
amefungwa ndani ya shuka la mtu mwingine.
Karani akafungua daftari.
Jina? La kupewa. Mahali? Njiani. Siku?
Mtawa wa kike akampanua kinywa, akahesabu meno
kama mnunuzi wa mbuzi: manne juu, mawili chini.
"Mtoto hawezi kukosa siku," karani alisema,
akamwandikia sikukuu iliyokuwa karibu, Januari sita.
Waingereza wakaja wakaigeuza kumi na tisa.
Kitambulisho chake cha mwisho kilisema Januari mosi
kwa sababu mashine haikutaka mabishano.

"Uchungu wa mwana," akasema, "aujuaye ni mzazi.
Mariamu alijua. Alijua hata saa,
alijua kama mwezi ulikuwa umetoka,
na mafuta ya taa yalibaki kiasi gani.
Wao waliandika liwali alikuwa nani. Waliandika sensa.
Yeye hawakumwuliza."
Akanyamaza. Akakunja kalenda kumi na mbili, nilizihesabu.
"Na wangu pia alijua."

Alikufa Jumanne, Septemba tisa, saa kumi na robo alfajiri.
Hiyo naijua, niliiandika mimi
nyuma ya risiti ya wino.

Hovsep, mchonga mawe, hutoza kwa herufi.
Akauliza tarehe ya kuzaliwa.
Nikafungua kinywa kumpa ile ya kijani,
nikakifunga.
"Acha nafasi," nikamwambia.
Akanitazama, akapima vidole vinne juu ya jiwe, akaruka,
akachonga kistari, kisha ile Jumanne yangu.

Nafasi hakunitoza.